Je, Wajua? Bingwa wa Barabara na Pori

Milima ya Mbulu, kusini mwa Karatu, iliogopwa na madereva wa mbio za magari za Safari Rally enzi mbio hizo zilipopita Kenya, Uganda na Tanganyika. Mvua ikinyesha, mteremko unakuwa sabuni.

Miongoni mwa mabingwa wa mbio hizo ni Mkenya Ian Duncan, aliyeshinda Safari Rally mwaka 1994 kwa Toyota Celica, gari la magurudumu manne yanayovuta. Wengi wangetosheka. Yeye akahamia mbio za magari ya zamani, Safari Classic, akashinda 2009 kwa Ford Mustang, gari la Kimarekani linalosukumwa na magurudumu ya nyuma pekee! Mwaka 2013 akarudia kwa Ford Capri.

Kisha kuna mashindano ya magari ya porini, Rhino Charge, ambako pia ameshinda, na huko mambo ni kinyume kabisa. Hakuna barabara: ni mawe, miiba na makorongo. Magari hupewa muda wa saa 10 kufikia vituo 13, na mshindi ni aliyevimaliza vyote kwa kilomita chache zaidi, hata akitambaa. Fedha zinazochangwa huenda kwenye uhifadhi, ukiwamo uzio wa umeme unaozunguka msitu wa Aberdare.