Mfereji wa Kiuno na Tarakimu ya Mwisho

Mtu ashukaye kutoka vilima vya Mugirango Kusini, huko Kisii nchini Kenya, kwenda soko la Nyamarambe, iwapo macho yake yana desturi ya kutazama namna watu wazima wanavyotembea, huenda akamwona mzee anayekwenda hatua kadha, akasimama, akainama na kushika magoti au kukaa juu ya jiwe kando ya njia, akangoja kidogo, kisha akainuka na kushika safari kama mtu aliyetuliwa mzigo. Wapitao humdhania kuwa amechoka kwa umri, na mara nyingine dhana yao huwa sahihi. Walakini huenda pia ana maradhi maalumu, yajulikanayo kwa matabibu wa mataifa yote, nayo ni kubanwa kwa mfereji wa uti wa mgongo sehemu ya kiuno, ambako katika daftari la maradhi la Shirika la Afya Duniani, toleo la 10, kumepewa nambari M48.0, na tarakimu 6 ikaongezwa mwishoni kuonyesha kwamba mahali penyewe ni kiunoni.

Kiuno kina pingili 5, na kila pingili ina tundu. Matundu hayo yakipangana hufanya mfereji ambamo hupita mishipa ya fahamu iendayo miguuni na kwenye kibofu. Uti wa fahamu wenyewe hukoma karibu na pingili ya kwanza au ya pili, na kuanzia hapo hushuka fungu la mishipa ambalo wanazuoni wa mwili waliliita mkia wa farasi. Umri ukizidi, aghalabu baada ya miaka 50, visahani vya gegedu vilivyo kati ya pingili hukauka na kutokeza nyuma, viungo vidogo vya ubavuni huota mfupa, na kano iliyo nyuma ya mfereji hunenepa. Kila kimoja huchukua nafasi ndogo tu, mithili ya kijia kati ya mashamba mawili ya Gusii ambacho kila jirani hukisogezea ua wake shubiri moja mwaka hata mwaka, hadi siku ambayo ng'ombe hawezi tena kupita. Tabibu Mholanzi Henk Verbiest, wa mji wa Utrecht, ambaye maandishi yake ya mwaka 1954 yaliwafumbua macho madaktari wengi juu ya maradhi haya, aliacha kipimo kitumikacho hata leo: mfereji ambao kina chake kutoka mbele hadi nyuma ni milimita 10 au pungufu umebanwa kabisa, na ulio kati ya 10 na 12 umebanwa kiasi.

Ajabu yake ni kwamba kuinama huupanua mfereji huo na kunyooka huufinya. Kwa sababu hiyo mgonjwa hupanda mlima kwa nafuu kuliko anavyoshuka, maana mpandaji huinamia mbele ilhali mteremkaji huegemea nyuma. Atasukuma wilbaro mwendo mrefu bila ya taabu kubwa, bali akitembea wima, mikono mitupu, miguu humwia mizito na kufa ganzi. Mtu ambaye mishipa yake ya damu imeziba miguuni huwa kinyume chake: mlima ndio umshindao, na akisimama tu, hata wima, maumivu hutulia. Katika nchi ya mabonde na miinuko kama hii, mteremko wenyewe humsaidia tabibu kupambanua maradhi, mradi awepo wa kuuliza.

Daftari lenye nambari hizi lina nasaba ndefu. Mzazi wake ni orodha ya sababu za mauti aliyoitunga Mfaransa Jacques Bertillon na kuiwasilisha kwa wanatakwimu waliokutana Chicago mwaka 1893. Na mwaka 1948 Shirika la Afya Duniani, ambalo ndipo tu lilipozaliwa, lilitwaa toleo la sita na kuingiza ndani yake, fauka ya sababu za kufa, maradhi ambayo watu huishi nayo. Badiliko hilo ndilo lililoufungulia mlango mgongo wa mzee, kwa kuwa kubanwa kwa mfereji ni nadra kuua. Humnyang'anya mtu soko lake, kanisa lake na shamba lake, naye yu hai. Toleo la 10 liliidhinishwa mwaka 1990, na la 11 lilianza kutumika mwaka 2022, ambamo maradhi haya yamepewa nambari FA82.

Wamarekani, ambao wana toleo lao wenyewe lenye tarakimu nyingi zaidi, walifanya jambo ninaloliheshimu. Tangu tarehe 1 Oktoba 2017 waliigawa nambari ya kiuno mara mbili: M48.061 kwa yule ambaye miguu yake haimsimamishi njiani, na M48.062 kwa yule ambaye humsimamisha. Tarakimu hiyo ya mwisho haiwezi kutolewa na picha. Mashine ya sumaku huonyesha mfereji uliobanwa, lakini wapo wazee wengi wenye mifereji myembamba wasioumwa na chochote; kinachowatenga na wagonjwa ni maelezo yao wenyewe, yapatikanayo kwa maswali kama haya: “Mama, ukienda sokoni unasimama mara ngapi? Ukisimama, ni lazima ukae au uiname? Mlima na mteremko, ni upi unaokutesa zaidi?” Maswali hayo hayana gharama, na huweza kuulizwa katika kituo kidogo cha afya sawasawa na yanavyoulizwa katika Hospitali ya Mafunzo na Rufaa ya Kisii.

Basi tumfikirie mama wa miaka 65, aliyeinama maisha yake yote katika majani chai na mahindi, au mzee aliyechimba na kubeba mawe ya sabuni huko Tabaka tangu ujana wake. Akiingia kwa tabibu husema neno moja tu, mgongo, na pengine mjukuu ndiye amfasiriaye kutoka Ekegusii. Tabibu mwenye foleni ndefu mlangoni huandika “maumivu ya kiuno”, akampa dawa ya kutuliza, na katika daftari la dunia maneno hayo ni M54.5, nambari ya dalili isiyosema sababu. Shirika la Afya Duniani lilikadiria kwamba mwaka 2020 watu milioni 619 walikuwa na maumivu ya kiuno, na katika bahari hiyo mama wetu hazami wala haelei, hajulikani tu. Jedwali la wagonjwa wa nje nchini Kenya hukusanya maradhi katika mafungu makubwa, nayo hesabu hupelekwa katika mfumo wa kompyuta ulioenezwa nchini kote tangu mwaka 2011. Nambari kamili aghalabu huandikwa kwa wale waliolazwa, pindi afisa wa rekodi za afya afunguapo faili baada ya mgonjwa kuruhusiwa kwenda nyumbani. Afisa huyo, ambaye kazi yake ni ya amana kubwa kuliko wengi wanavyodhani, hana ruhusa ya kubuni: asipoyaona maandishi ya tabibu kuhusu miguu na mwendo, hana haki ya kuandika zaidi ya alichokisoma.

Nalitaja hili kwa uchungu, maana hesabu ndizo zitumikazo kupanga wapi apelekwe mtaalamu wa mazoezi ya viungo, na wapi ipelekwe mashine ya picha. Kadhalika malipo: Mamlaka ya Afya ya Jamii, SHA, iliyoshika nafasi ya mfuko wa taifa wa bima ya afya, NHIF, tarehe 1 Oktoba 2024, hupokea madai ya hospitali yakiwa yametaja maradhi, na maradhi yaliyotajwa nusu hutetewa kwa shida. Mgonjwa naye ana sehemu yake, nayo ni kueleza mwendo wake wala asitaje maumivu peke yake: umbali anaofika, kitu kimsimamishacho, namna anavyopata nafuu.

Wengi wa wagonjwa hawa husaidiwa na mazoezi ya kuimarisha kiuno na dawa, na wachache huhitaji upasuaji wa kuupanua mfereji. Lakini iko nambari moja jirani, G83.4, ya mkia wa farasi uliobanwa ghafla, ambayo haingoji kliniki ya wiki ijayo: mtu akifa ganzi sehemu ile ikaayo juu ya tandiko la baiskeli, akashindwa kukojoa au mkojo ukamtoka bila ya kujua, au miguu yote miwili ikalegea, apelekwe hospitali siku ile ile, hata ikiwa ni usiku, na anayempeleka amweleze daktari saa ambayo dalili hizo zilianza.