Steringi Hafi, Boi Je?

Nimekulia Biharamulo, likizo nikienda Ngara kwa mjomba. Kule sinema tuliiona kwenye kibanda umiza: mabenchi, giza, jasho na sauti ya mtafsiri. Sheria ilikuwa moja tu: steringi hafi. Boma la Wajerumani tulipita kando yake kila siku, wala hatukulijali. Sikuwahi kuviunganisha viwili hivi mpaka niliposoma habari za Bayume Mohamed Husen.

Jamaa alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, akaitwa Mahjub bin Adam Mohamed. Baba yake alikuwa askari wa Wajerumani, na Vita Kuu ya Kwanza ilipoanza, mtoto naye akaingia jeshini akiwa na miaka 10. Mwaka 1929 alifika Berlin kudai mishahara yao, wake na wa baba yake. Akaambiwa amechelewa. Akabaki hukohuko.

Wakati huo filamu bubu zilikuwa zinaelekea mwisho. Tayari mwaka 1919 mwongozaji Joe May, fundi wa filamu za upelelezi hadi za mahaba, alikuwa amejenga "Afrika" yake Woltersdorf, nje kidogo ya Berlin, kwa ajili ya Die Herrin der Welt, filamu ya sehemu 8. Afrika ya kujengwa ilihitaji Waafrika wa kusimama mbele ya kamera. Wanazi walipoingia madarakani mwaka 1933, biashara hiyo iliendelea. Waliwabagua watu weusi, lakini filamu za kusifia ukoloni hazikuwezekana bila wao.

Hapo ndipo Husen alipopata riziki. Alikuwa mhudumu wa mgahawani, akafundisha Kiswahili chuo kikuu Berlin, na kuanzia 1934 akacheza filamu zisizopungua 20. Ndiyo, Kiswahili hikihiki tunachokipiga kwenye korido zetu. Usteringi hakupewa. Alikuwa boi, mtumishi, mtu wa kusimama nyuma ya bwana. Mwaka 1941 akaonekana kwenye Carl Peters, filamu ya kumtukuza Peters yuleyule tuliyemsoma sekondari, wa mikataba ya ulaghai ya 1884. Steringi alikuwa Peters.

Mwaka huohuo Husen alikamatwa kwa sababu ya uhusiano na mwanamke wa Kijerumani. Bila kesi, akapelekwa kambi ya mateso ya Sachsenhausen, akafia huko tarehe 24 Novemba 1944. Mwaka 2007 kijiwe cha shaba chenye jina lake kiliwekwa kwenye njia ya miguu Berlin, mbele ya nyumba aliyoishi.

Likizo iliyopita nilisimama pale bomani Biharamulo kwa muda mrefu kuliko kawaida. Wanachuo wenzangu, siku hizi nikiangalia filamu simtazami steringi peke yake. Namtafuta aliyeshika sinia, kisha najiuliza aliitwa nani, na alipofika nyumbani usiku ule alilipwa nini.