Longicharo: Kimbilio la twiga lililogeuka mtego

LONGICHARO, kisiwa kidogo kisicho na wakazi katika Ziwa Baringo, hakikuwa kisiwa hapo awali. Kilikuwa rasi, na kwa sababu hiyo ndipo kikateuliwa kuwa maskani ya twiga: maji yaliizunguka pande tatu, hivyo mwindaji haramu hakuwa na njia nyingi za kupenya.

Mnamo 2011, twiga wanane wa aina ya Rothschild walihamishiwa huko kutoka Soysambu, Nakuru. Twiga hao huitwa pia twiga wa Baringo, ingawa walikuwa wametoweka Baringo kwa miongo kadhaa na jina kubaki tupu. Waliowapokea ni wenyeji wa hifadhi ya Ruko, inayowaunganisha Wapokot na Wailchamus, jamii zilizokuwa zimezozana kwa muda mrefu.

Kisha ziwa likafura. Baringo halina mto unaotoka juu ya ardhi. Maji yake hupenya chini kwa chini. Mvua zilipozidi katika nyanda za juu, kina kilipanda, rasi ikakatika na malisho yakapungua mwaka baada ya mwaka. Kufikia 2020 walinzi walilazimika kuwavushia twiga chakula kwa mashua.

Kuwahamisha lilikuwa jambo zito. Twiga aliyedungwa dawa ya usingizi aweza kusakamwa na mate yake mwenyewe, na shingo ile ndefu huvuruga mwendo wa damu kuelekea ubongoni. Isitoshe, ziwa lina mamba na viboko. Hivyo basi, Shirika la Huduma kwa Wanyamapori (KWS), wenyeji na wafadhili waliunda chelezo cha chuma chenye kuta ndefu, kikielea juu ya mapipa matupu. Baadhi ya twiga walizoeshwa polepole, kwa kutegewa chakula ndani yake, hadi wakaingia bila kusukumwa.

Wa kwanza, jike aitwaye Asiwa, alivushwa Desemba 2, 2020. Mwezi huo huo, huku shughuli ikiendelea, ndama alizaliwa kisiwani. Yeye, Noelle, na mamaye, Ngarikoni, ndio waliovuka mwisho, Aprili 12, 2021, na kutimiza idadi ya twiga tisa. Upande wa pili walitengewa eneo lenye ua, la ekari zipatazo 4,400, ndani ya hifadhi iyo hiyo ya Ruko.