Maua ya Karatasi: Karatasi Ipi Inalipa?

Anayenunua karatasi za kutengenezea maua huangalia kwanza bei iliyobandikwa. Bei hiyo ni sehemu tu ya gharama. Ua lina shina, lina gundi, na lina muda wa mtengenezaji. Kwa hiyo usilinganishe bei ya karatasi. Linganisha gharama ya ua moja lililokamilika.

A4 ya rangi na manila

Hizi zimejaa katika maduka ya vifaa vya shule. A4 ina upana wa sentimita 21 na urefu wa 29.7. Unachora duara, unalikata kwa kuzunguka kutoka ukingoni hadi katikati, kisha unaliviringisha na kubandika kitako. Karatasi moja hutoa waridi moja kubwa au mawili madogo, na gundi inayotumika ni tone tu. Hata mwanafunzi wa shule ya msingi analiweza. Kasoro yake ni ugumu: petali hazipati ulaini wa ua la kweli. Linafaa kwa kadi, fremu na ukuta wa darasa. Manila, kwa kuwa ni nene, ibaki kwa maua makubwa ya kupamba ukutani.

Karatasi laini ya zawadi

Hapa ndipo wengi wanapokosea hesabu. Karatasi ya sentimita 50 kwa 70 ukiigawa kwa nne unapata vipande vinne. Ua kubwa la kuning'iniza linahitaji tabaka nane, yaani karatasi mbili nzima. Bei ya karatasi moja ni ndogo, lakini ua linazila mbili. Faida yake ni kasi: unakunja kwa kwenda na kurudi, unafunga kati kwa uzi, unafumua tabaka moja moja. Halihitaji gundi wala shina. Kwa kujaza ukumbi wa sherehe, hakuna linalolishinda. Ila huchanika upesi na likilowa limekwisha.

Krepu

Karatasi hii yenye mikunyanzi huvutika, na ndiyo inayotoa waridi linalokaribia la bustanini. Roli la kawaida lina upana wa sentimita 50 na urefu wa mita 2.5. Waridi la petali 15, kila petali kipande cha sentimita 5 kwa 6, hutumia sentimita za mraba 450. Ukiacha nafasi ya mabaki, roli hutoa mawaridi 20 na ziada.

Krepu nyembamba ni ya bei nafuu, lakini hulegea, na mara nyingi utalazimika kubandika tabaka mbili. Hapo roli lile lile linatoa nusu ya maua. Krepu nzito, kama ile ya Kiitaliano ya gramu 180 kwa mita ya mraba, ni ghali zaidi ila husimama yenyewe. Yoyote utakayochagua, kata petali mikunyanzi ikiwa wima, kutoka kitako hadi ncha. Ukikata kinyume, petali haitabonyea na karatasi itakuwa imepotea bure.

Shina na gundi

Waya wa kufungia nondo unauzwa kwa kilo katika maduka ya vifaa vya ujenzi. Hukunjika vizuri, ila hushika kutu, hivyo uviringishie ukanda wa krepu ya kijani. Njiti za mishikaki zinatosha kwa maua ya kusimama wima kwenye chombo. Gundi ya unga wa ngano haigharimu sana, lakini maji yake huharibu karatasi laini na hualika wadudu. Gundi nyeupe ni salama kwa kazi chache. Gundi ya moto inataka umeme na uangalifu wa vidole, lakini hukauka kwa sekunde, na hilo ni jambo kubwa kwa kazi ya maua mengi.

Muda

Chukulia roli la krepu limekugharimu shilingi 4,000 na likatoa mawaridi 20: karatasi ya ua moja ni shilingi 200. Kama waridi linachukua dakika 15 na saa yako unaithamini kwa shilingi 2,000, muda ni shilingi 500. Ukipata roli kwa punguzo la shilingi 1,000, umeokoa shilingi 50 tu kwa kila ua. Wauzaji wa kazi za mikono tuache kujipunja: muda uingie kwenye bei.

Uamuzi

Kwa watoto na darasa, A4. Kwa ukumbi, karatasi laini. Kwa zawadi na mauzo, krepu nzito. Kwa makaburini na mahali pa mvua, usinunue karatasi kabisa. Chukua plastiki au maua mabichi. Na kabla ya kununua roli kumi, nunua moja, tengeneza ua moja kamili ukiwa na saa mezani, halafu ndipo upange bajeti.