Faili Lililokosekana Haliokotwi Njiani

Haupiti mwezi hapa mjini Kisii pasipo mtu kuniwekea laptopu mezani, akanionyesha ujumbe ulio kwenye skrini, kisha akaniuliza swali lile lile nililokwisha kulijibu mara zisizo na idadi: "Fundi, ni tovuti gani nzuri ya kupakua hili faili la DLL linalokosekana?" Wameniuliza wanafunzi wa chuo kikuu, wameniuliza makarani na wenye sayba za Daraja Mbili na Suneka, na juzi ameniuliza mwalimu mmoja wa upande wa Nyamira, mtu wa adabu na elimu yake, ambaye habari za mashine yake nitazieleza kwa kirefu, maana kosa hili sijapata kuliona limekamilika kama lilivyokamilika kwake. Jibu langu ni kwamba tovuti nzuri ya namna hiyo haipo wala haihitajiki, na kwamba swali lenyewe limesimama juu ya msingi mbovu.

Mwalimu alinunua laptopu iliyokwisha kutumika ng'ambo, mojawapo ya zile ziuzwazo kwa jina la Ex-UK, ikiwa imetiwa Windows mpya isiyo na kitu kingine ndani yake. Programu yake ya kuandalia ripoti za wanafunzi ilikataa kufunguka, ikidai kwamba MSVCP140.dll halionekani. Aliandika jina hilo kwenye intaneti, akapata faili lisilofika hata megabaiti moja, akafurahi kwamba bando lake limesalimika, akalinakili ndani ya folda ya System32, na kompyuta ilipomwuliza kama anatoa ruhusa ya msimamizi, akakubali. Programu ikanena sasa kwamba VCRUNTIME140.dll ndilo halionekani. Akalipakua na hilo. Hapo maneno yakakoma, ikatokea namba 0xc000007b, naye akadhani ugonjwa umekua, kumbe ni dawa yake ndiyo iliyouzidisha.

Namba ile, mara nyingi, maana yake ni kwamba programu ya biti 64 imepewa faili la biti 32, au kinyume chake. Mtego wenyewe ni huu: katika Windows ya biti 64, mafaili ya biti 64 hukaa katika folda iitwayo System32, na yale ya biti 32 hukaa katika SysWOW64. Majina yamepindana hivyo kwa ajili ya programu za zamani zilizozoea kuita System32 kwa jina lake, na mtu asiyeijua siri hii hulitia faili mahali pasipo pake akiwa na yakini kwamba amefanya sawa.

Zamani kila boma la Gusii lilikuwa na jiwe lake la kusagia wimbi. Leo kijiji kizima hupeleka nafaka kwenye mashine moja ya kusaga. Mafaili ya DLL ndiyo mashine hiyo: mwandishi wa programu, badala ya kubeba kila kazi ndani ya programu yake, hutaraji kuikuta kwenye kompyuta, ikitumiwa na programu nyingi kwa ushirika. Basi kijiji kisichokuwa na mashine hakipati unga kwa mtu kuokota kipuri kimoja njiani. MSVCP140 hulitegemea VCRUNTIME140, na yote mawili huyategemea mengine, yakiwa yametengenezwa pamoja na kutolewa katika kifurushi kimoja. Kila ujumbe wa Windows hutaja jina la faili moja tu kati ya yaliyokosekana, na watu hudhani ndilo pekee.

Hayo ni ya usumbufu. Yaliyo mazito ni haya. DLL si picha wala barua, ni programu, na maagizo yake huanza kutendeka mara tu lipakiwapo, kwa mamlaka yale yale aliyo nayo aliyeliita. Asiyekujua akikupa faili la namna hiyo, nawe ukalitia katika folda kuu kwa ruhusa ya msimamizi, umemfungulia mlango kwa mkono wako mwenyewe. Niliyabofya mafaili ya mwalimu kwa kitufe cha kulia, nikafungua sifa zake: mafaili haya, yakitoka Microsoft, hubeba sahihi ya kidijitali ya kampuni hiyo, ilhali moja la mwalimu halikuwa na sahihi yoyote. Fauka ya hayo, alikuwa ameshauriwa alisajili kwa amri ya regsvr32, na amri ikamjibu kwamba moduli imepakiwa lakini mlango wa kusajilia haukuonekana. Mafaili haya hayana mlango huo, na kamwe hayakuhitaji kusajiliwa; lakini tazama neno "imepakiwa". Maagizo ya faili lile yalikuwa yamekwisha kutendeka.

Wako wanaoniambia, "Lakini mimi nilipakua, na ikafanya kazi." Sikatai. Ukilitia faili katika folda ya programu yenyewe, aghalabu programu hulitafuta hapo kabla ya System32, na huenda ikafunguka. Walakini nakala hiyo haijulikani na mtu, masahihisho ya usalama hayaifikii, na kasoro zilizokwisha kuzibwa kwingine hubaki wazi kwako mwaka baada ya mwaka.

Sasa la kufanya. Soma jina. Likiwa MSVCP140 au VCRUNTIME140, pakua kutoka Microsoft kifurushi cha Visual C++ cha 2015 hadi 2022, cha x86 (biti 32) na cha x64 (biti 64), vyote viwili hata kama mashine ni ya biti 64. Kwa pamoja havifiki megabaiti 50. MSVCR100 ni la kifurushi cha 2010, MSVCR120 ni la 2013. d3dx9_43 liko katika DirectX ya Juni 2010, na vijana wa michezo ya zamani walijue hilo. Jina lianzalo na api-ms-win-crt kwenye Windows 7 hutaka sahihisho KB2999226. Faili likiwa la Windows yenyewe, endesha DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth, kisha sfc /scannow. Likiwa la programu yako, iondoe uisakinishe upya. Na ikiwa programu ni ya kuibwa na kinga ya virusi ndiyo iliyolila faili, iache kinga ifanye kazi yake. Kufomati mashine nzima kwa sababu ya faili moja ni uvivu wa fundi, usikubali kuulipia.

Na kama umekwisha kulitia faili la mgeni, liondoe, kagua virusi, kisha badilisha nywila zako kwa kifaa kingine. Mwalimu aliketi kwenye benchi langu akabadilisha za iTax, eCitizen na barua pepe kwa simu yake wakati vifurushi vile viwili vikisakinishwa, na programu ya ripoti ilifunguka kabla hajamaliza ya tatu.