Mkwe Mbele ya Kamera
(Waigizaji wa filamu huru – Sehemu ya Pili)

Wiki iliyopita tuliishia pale mwongozaji John Cassavetes alipomwandikia mkewe, mwigizaji Gena Rowlands, mchezo wa jukwaani kuhusu mwanamke anayelemewa na maisha ya ndoa. Rowlands aliusoma, akaupenda, kisha akakataa. Kubeba maumivu yale kila usiku, wiki baada ya wiki, kungemmaliza. Mchezo ukageuzwa filamu, A Woman Under the Influence, iliyotoka mwaka 1974.

Fedha za studio hazikupatikana. Cassavetes akaweka nyumba yao rehani, naye Peter Falk, aliyeigiza mume, akatia fedha zake mwenyewe. Hata ilipokamilika, wasambazaji waliikwepa. Cassavetes akawa anawapigia simu wenye majumba ya sinema, mmoja mmoja.

Rowlands ni Mabel, mke wa fundi wa ujenzi na mama wa watoto watatu. Ana mapenzi mengi mno na hajui ayaweke wapi. Mtazame akiwa barabarani anasubiri basi la shule: hatulii, anawauliza wapita njia ni saa ngapi, nao wanampita kama hawakumsikia. Mimi sijaona kwingine upweke ulioonyeshwa kwa swali dogo namna hiyo.

Tukisikia kwamba mwigizaji amechota katika maisha yake, hudhani anasimulia yaliyompata. Rowlands hakuwa Mabel. Alichochota ni watu wake. Mama yake Mabel ameigizwa na Lady Rowlands, mama mzazi wa Gena. Na mama mkwe, yule anayepiga kelele kwamba mke wa mwanawe ana wazimu na apelekwe hospitali, ni Katherine Cassavetes, mkwe wake wa kweli. Hebu jiweke hapo, msomaji. Mkwe wako anakukaripia sebuleni, na mumeo ndiye anayeongoza kazi. Sisi tuliolelewa kumwonea mkwe haya tunajua uzito wake. Ndiyo maana naamini kuwa uso ule wa Mabel, unaotafuta mtu wa kumtetea, usingepatikana kwa kuajiri wageni.

Kazi hiyo ilimpa Rowlands tuzo ya Golden Globe, na yeye na mumewe wote wakateuliwa kuwania Oscar.

Cassavetes alifariki mwaka 1989. Miaka 15 baadaye mtoto wao Nick, naye sasa mwongozaji, akampa mama yake nafasi katika The Notebook, filamu ya bajeti kubwa kuliko zote walizohangaikia nyumbani. Ilikuwa nafasi ya bibi mwenye ugonjwa wa Alzheimer. Lady Rowlands alikuwa ameugua ugonjwa huohuo, na Gena alisema kwamba kama mwongozaji asingekuwa mwanawe, huenda asingeikubali, kwa jinsi ilivyokuwa ngumu kwake. Akajifunga kibwebwe, akaketi mbele ya kamera, akamsikiliza mzee akimsomea daftari la maisha yake mwenyewe bila kuyatambua, akitaka kujua hadithi inaishaje.

(Itaendelea)