Olenguruone: mwenye ardhi au mgeni wa hisani?

Wapo wanaodhani kwamba mila ni ngoma na matambiko tu. Mimi nawaelekeza Olenguruone, katika Nakuru.

Kwa sheria ya jadi ya Wakikuyu, ardhi iliyoitwa githaka ilikuwa mali ya mbari, yaani ukoo wa babu mmoja. Mtu wa nje aliweza kupewa mahali pa kulima, akaitwa muhoi. Lakini alilima kwa hisani, na hisani huondolewa.

Mwaka 1941 serikali ya kikoloni iliwahamishia Olenguruone Wakikuyu waliotolewa Umasaini na kwingineko. Wahamiaji walisema: hii ni fidia ya ardhi yetu iliyochukuliwa Kiambu, basi ni githaka. Serikali iliwahesabu kuwa wapangaji, ikawaamulia namna ya kulima na hata nani arithi. Wakakataa, wakala kiapo cha umoja, wake kwa waume. Kufikia 1950 walikuwa wamefukuzwa, wengine wakapelekwa Yatta.

Nawaona walikuwa na haki ya kudai fidia. Lakini Wamasai na Waogiek, waliokuwa na mila zao za ardhi katika nchi hiyo, nani aliwauliza? Mwaka 1992, na tena 2008, damu ilimwagika huko huko.

Katiba ya 2010 inaitambua ardhi ya jamii. Ni vyema. Ila mila ya ukoo humjua ndugu. Haimwambii jirani mahali pa kusimama. Hapo ndipo sheria ya nchi inapodaiwa, nayo isikawie.